Jinsi ya Kuiga Chipu ya Sauti ya AY-3-8910: Kutoka Mapigo ya Saa hadi Spika

Mchezo wa 1942, ule wa ndege za vita uliotolewa na Capcom mwaka 1984, unajulikana kwa ngoma zake kavu na filimbi zinazokata masikio. Sauti hizo hazikurekodiwa popote. Huundwa papo hapo na chipu mbili za AY-3-8910, ambazo General Instrument ya Marekani iliziingiza sokoni mwaka 1978, na kila moja huendeshwa na mapigo ya saa ya MHz 1.5 yanayotokana na kristali ya MHz 12. Chipu hiyohiyo imo katika Frogger ya Konami ya mwaka 1981, na katika Gyruss ya mwaka 1983 Konami waliweka tano kwenye bodi moja. Kwa hiyo anayeiiga vizuri mara moja amejifungulia mlango wa mashine nyingi za kumbi za michezo za wakati ule.

Mwongozo huu unamlenga mtu anayeweza kuandika programu kwa C au lugha inayofanana nayo. Hauhitaji ujuzi mkubwa wa umeme, ila unahitaji subira, kwa sababu kishawishi cha kwanza ni kuchukua kanuni ya masafa, kuiingiza katika maktaba yoyote ya kutengeneza mawimbi ya mraba, na kudhani kazi imekwisha. Muziki utasikika, lakini milipuko, risasi na filimbi havitafanana na vya mashine, nawe utapoteza siku nyingi ukirekebisha kwa sikio kitu ambacho sikio haliwezi kukirekebisha.

Hatua ya 1: Panga saa kabla ya sauti

Chipu hii haijui noti wala Hz. Inachojua ni kuhesabu. Hupokea mapigo 1,500,000 kwa sekunde, huyagawa kwa 8, na mapigo 187,500 yanayobaki ndiyo yanayosukuma kila kitu kinachosikika. Katika mwongozo huu kila pigo la aina hiyo tutaliita tiki. Kiini cha programu yako kitakuwa fankisheni moja tu inayopiga tiki moja: inasogeza vihesabio vitatu vya toni (kimoja kwa kila chaneli ya sauti, A, B na C), kimoja cha kelele na kimoja cha envelopu, yaani umbo la kupanda na kushuka kwa volyumu, kisha inarudisha thamani moja ya sauti. Usiruhusu sehemu nyingine yoyote ya programu iguse vihesabio hivyo. Nidhamu hiyo peke yake itakuepusha na nusu ya makosa ya kazi hii.

Hatua ya 2: Jenga rejista 16

Chipu ina rejista 16, yaani nafasi ndogo za kuhifadhi namba, zenye namba 0 hadi 15, na prosesa huziandikia kwa mikupuo miwili: kwanza hutaja namba ya rejista, kisha hutuma baiti ya data. Katika 1942, prosesa ya sauti hufanya hivyo kupitia anwani 8000 na 8001 za heksadesimali kwa chipu ya kwanza, na C000 na C001 kwa chipu ya pili.

Rejista 0 na 1 hushika kipindi cha toni ya chaneli A, yaani biti 8 za chini katika rejista 0 na biti 4 za juu katika rejista 1. Rejista 2 na 3 ni za chaneli B, na 4 na 5 ni za chaneli C. Rejista 6 ina biti 5 za kipindi cha kelele. Rejista 7 ni ya miksa, inayofungua na kufunga toni na kelele za kila chaneli. Rejista 8, 9 na 10 ni za volyumu za chaneli tatu, ambapo biti 4 za chini ni kiwango chenyewe na biti ya tano huikabidhi volyumu kwa envelopu. Rejista 11 na 12 huunda kipindi cha envelopu cha biti 16, rejista 13 huchagua umbo lake, na mbili za mwisho ni za milango ya kuingizia na kutolea data.

Unapopokea baiti, kata biti zisizokuwepo kabla ya kuitumia. Programu za michezo zilikuwa zikiandika 255 mahali ambapo chipu inasoma biti 4 tu, na programu yako isipokata, kipindi cha toni kitapita 4095 na noti itazama chini kupita kiasi.

Hatua ya 3: Toni

Kila chaneli ina kihesabio kinachoongezeka kwa 1 katika kila tiki. Kikifikia au kuzidi kipindi kilichoandikwa, kinarudi sifuri na tokeo la chaneli linageuka: likiwa 0 linakuwa 1, likiwa 1 linakuwa 0. Kwa kuwa wimbi zima linahitaji mageuko mawili, masafa yanakuwa mapigo ya saa yakigawanywa kwa zao la 16 na kipindi. Noti ya A ya Hz 440 inahitaji kipindi cha 213, na kwa saa ya MHz 1.5 chipu itatoa takriban Hz 440.14. Kipindi kikubwa kabisa, 4095, kinatoa karibu Hz 23.

Mambo mawili yasikupite hapa. La kwanza, kipindi kilichoandikwa sifuri hufanya kazi kama kipindi cha 1. La pili ni muhimu zaidi: kuandika kipindi kipya hakurudishi kihesabio sifuri. Kama kihesabio kiko kwenye 150 na mchezo umeandika kipindi cha 100, mgeuko utokee katika tiki inayofuata, na ndiyo maana nimesema “kufikia au kuzidi” badala ya “kulingana”. Ukiandika ulinganisho wa usawa pekee, kihesabio kitaipita 100 na kuendelea kupanda bila kikomo, na chaneli itakwama kimya katikati ya wimbo. Toleo langu la kwanza lilikuwa na kosa hilo, nami nilikuwa nikililaumu faili la muziki.

Jaribu sasa, kabla ya kuendelea. Andika 213 katika rejista 0, sifuri katika rejista 1, 62 katika rejista 7 na 15 katika rejista 8. Ukipiga tiki 187,500, hesabu mageuko ya chaneli A: yanapaswa kuwa 880. Huhitaji spika kwa jaribio hili, na ni vizuri usiitumie bado.

Hatua ya 4: Kelele

Mlio wa risasi, mlipuko na ngoma hutokana na kelele, ule mchakarisho kama wa redio isiyoshika stesheni. Chipu haina chanzo cha bahati nasibu. Ina rejista ya kusogeza yenye biti 17, ambayo kila ikisogea hukokotoa biti mpya kwa kulinganisha biti namba 0 na biti namba 3. Katika C kazi nzima ni mistari miwili:

kele ^= ((kele ^ (kele >> 3)) & 1) << 17;
kele >>= 1;

Anza na thamani ya 1, kwa sababu rejista ikiwa sifuri tupu itabaki sifuri milele. Biti namba 0 ndiyo tokeo. Msogeo hutokea kila baada ya tiki mbili zikizidishwa kwa kipindi cha kelele, hivyo kwa saa yetu kasi huanzia misogeo 93,750 kwa sekunde kipindi kikiwa 1, hadi takriban 3,024 kipindi kikiwa 31.

Mtu atauliza kwa nini asitumie tu fankisheni ya nambari nasibu iliyomo katika lugha yake. Mfuatano wa chipu hujirudia kila baada ya misogeo 131,071. Kwa kasi ya juu kabisa hiyo ni kama sekunde 1.4. Sikio halitambui marudio hayo, lakini linatambua uwiano wa rangi ya kelele inapopunguzwa kasi, na zaidi ya yote, ukitumia mfuatano halisi unaweza kulinganisha matokeo yako na ya emuleta nyingine, yaani programu nyingine inayoiga mashine hizi, biti kwa biti. Kwa nambari nasibu za kawaida huwezi kamwe kujua kama umekosea.

Hatua ya 5: Envelopu

Envelopu ni kihesabio kinachopandisha na kushusha volyumu bila msaada wa prosesa. Ina ngazi 16, na kila ngazi hudumu tiki mbili zikizidishwa kwa kipindi cha rejista 11 na 12. Mzunguko mmoja wa ngazi zote huchukua mapigo 256 ya saa kwa kila kizio cha kipindi. Kipindi cha 1000 kwa saa ya MHz 1.5 hudumu takriban sekunde 0.17.

Umbo huamuliwa na biti nne za rejista 13. Kuanzia ya juu: ya kwanza husema kama mzunguko uendelee, ya pili kama uanze kwa kupanda, ya tatu kama ugeuze mwelekeo kila mzunguko, na ya nne kama usimame mwishoni. Biti ya kuendelea ikiwa 0, mzunguko hupita mara moja na sauti hubaki sifuri, hata kama ulianza kwa kupanda. Kwa sababu hiyo thamani 16 zinazoweza kuandikwa hutoa maumbo 8 tu yaliyo tofauti. Thamani 8 hushuka tena na tena kama meno ya msumeno, 10 hushuka na kupanda, 13 hupanda na kubaki juu, na 0 hushuka mara moja na kunyamaza.

Kuandika rejista 13 huanzisha envelopu upya hata kama thamani ni ileile iliyokuwamo. Wengi huweka sharti la kuangalia kama thamani imebadilika ili kuokoa muda, na matokeo yake ni ngoma inayopigwa mara moja na kutorudi tena. Hapa usiokoe chochote.

Yamaha walitengeneza ndugu ya chipu hii, YM2149, yenye ngazi 32 za envelopu badala ya 16. Ukitaka programu yako ihudumie zote mbili, ifanye idadi ya ngazi iwe kibadilika tangu mwanzo.

Hatua ya 6: Miksa na volyumu

Miksa ya rejista 7 huwachanganya wageni kwa sababu imepinduliwa: biti yenye 0 hufungua na biti yenye 1 hufunga. Biti tatu za chini ni za toni za A, B na C, na tatu zinazofuata ni za kelele za chaneli hizohizo. Ile 62 tuliyoandika katika jaribio la Hatua ya 3 ilifungua toni ya A na kufunga vingine vyote.

Tokeo la chaneli hupatikana hivi: unganisha toni na biti yake ya kufunga kwa sharti la “mojawapo” (OR), fanya vivyo hivyo kwa kelele na biti yake ya kufunga, kisha unganisha matokeo hayo mawili kwa sharti la “zote” (AND). Kanuni hii ina tokeo lisilotarajiwa. Toni na kelele zikifungwa zote mbili, chaneli hainyamazi; hubaki kwenye 1 daima, na volyumu yake hupita moja kwa moja hadi kwenye mguu wa kutolea sauti. Prosesa ikiibadilisha volyumu hiyo haraka haraka, chipu inaweza kucheza hata sauti iliyorekodiwa. Programu inayoigeuza hali hiyo kuwa kimya itakosa sauti hizo zote.

Ngazi za volyumu si za kupanda sawasawa. Zimefuata namna sikio linavyopima nguvu ya sauti: ngazi ya 15 ikiwa 1, ya 14 ni takriban 0.707, ya 13 ni 0.5, na kuendelea hivyo, kila ngazi mbili zikipunguza nguvu kwa nusu, huku ngazi ya sifuri ikiwa kimya. Tengeneza jedwali la thamani 16 mara moja programu inapoanza. Chipu halisi hupotoka kidogo kutoka kanuni hii, na bodi zinazounganisha miguu ya A, B na C pamoja hupotoka zaidi kwa sababu chaneli moja huathiri nyingine kupitia rezista zilezile. Kwa toleo la kwanza, jumla ya kawaida ya chaneli tatu inatosha.

Hatua ya 7: Kushuka kutoka tiki hadi sampuli

Hapa ndipo kazi nzuri nyingi huharibikia. Kadi ya sauti ya kompyuta inataka sampuli, yaani thamani za sauti za kupeleka kwenye spika, 44,100 kwa sekunde, nawe una tiki 187,500. Njia ya mkato ni kuchukua tiki moja katika kila nne au tano na kuziacha nyingine. Tazama kitakachotokea. Mchezo ukiweka kipindi cha 1 katika chaneli fulani, chipu hutoa toni ya Hz 93,750, ambayo hakuna binadamu anayeisikia. Ukiiokota kwa sampuli 44,100 bila kuichuja, masafa hayo hujikunja na kuangukia Hz 5,550, filimbi nyembamba iliyo katikati ya usikivu wa sikio, na ambayo haikuwahi kutoka kwenye mashine yoyote.

Dawa ya awali ni wastani. Weka kilimbikizi cha namba nzima. Kwa kila sampuli kiongezee 187,500, na kadiri kinavyokuwa sawa na 44,100 au zaidi, punguza 44,100, piga tiki moja na ujumlishe tokeo lake. Mwishoni gawanya jumla kwa idadi ya tiki zilizopigwa, ambayo itakuwa 4 au 5. Njia hii ni rahisi na haipotezi muda hata kidogo katika mwaka mzima wa kucheza, kwa sababu hakuna desimali inayokatwa.

Hata hivyo mfano wetu wa kipindi cha 1 unaonyesha mwisho wa uwezo wake. Tokeo likigeuka kila tiki, sampuli yenye tiki 4 hupata nusu kamili, lakini yenye tiki 5 hupata 2 kwa 5 au 3 kwa 5. Tofauti hiyo ndogo, inayotokea katika karibu sampuli moja ya kila nne, hubaki kama mnong'ono wa ile filimbi. Hatua ya kati ni kuigawa tiki iliyo mpakani kati ya sampuli mbili kulingana na sehemu inayoangukia kila upande. Iliyo bora ni kichujio cha kuzuia masafa ya juu, kinachofanya kazi kwenye kasi ya tiki na kukata kuanzia karibu kHz 20, ambacho hukokotolewa pale tu sampuli inapohitajika. Kompyuta ya leo, hata simu ya kawaida, inamudu kazi hiyo bila kutoka jasho.

Kisha ondoa mwinuko wa kudumu. Matokeo ya chipu huanzia 0 kwenda juu na hayashuki chini ya sifuri, hivyo yasiporekebishwa spika hutoa mshtuko kila sauti inapoanza na kukoma. Sampuli mpya iwe ni ingizo la sasa, toa ingizo lililopita, ongeza 0.999 ya tokeo lililopita. Kwa sampuli 44,100 hilo hukata yaliyo chini ya takriban Hz 7 tu na kuacha besi yote.

Hatua ya 8: Jaribu kwa faili za VGM

Kabla ya kuiga prosesa, ilishe chipu yako data iliyokwisha andaliwa. Faili la VGM ni kumbukumbu ya kila kilichoandikwa kwenye rejista pamoja na muda wa kusubiri, unaohesabiwa kwa sampuli 44,100 kwa sekunde. Kwa chipu yetu unahitaji amri chache tu, zote za heksadesimali: A0 hufuatwa na namba ya rejista na data; 61 hufuatwa na baiti mbili za idadi ya sampuli za kusubiri, baiti ya chini ikitangulia; 62 husubiri sampuli 735; 63 husubiri 882; amri kuanzia 70 hadi 7F husubiri sampuli 1 hadi 16; na 66 ni mwisho. Kasi ya saa ya chipu imo katika nafasi ya 74 ya heksadesimali ya kichwa cha faili. Isome kutoka hapo, usiibandike ndani ya programu, la sivyo wimbo wa mashine nyingine utacheza kwa noti zisizo zake. Biti ya juu ya namba ya rejista ikiwa 1, data ni ya chipu ya pili.

Hatua ya 9: Unganisha na prosesa ya sauti

Katika 1942 chipu zetu mbili huamriwa na prosesa ya Z80 iliyotengwa kwa ajili ya sauti, inayokwenda kwa MHz 3. Prosesa kuu huacha namba ya sauti inayotakiwa mahali pa kupokezana, na Z80 ya sauti huisoma kwenye anwani 6000 ya heksadesimali. Hesabu hapa ni nyepesi: mapigo 16 ya Z80 ni sawa na tiki moja ya chipu. Mashine nyingine hazina wema huo. Katika Frogger, kwa mfano, nyaya za data D0 na D1 za ROM ya kwanza ya sauti, yaani chipu ya kumbukumbu inayobeba programu, zimebadilishana nafasi, na usipozirudisha biti hizo mahali pake kabla ya Z80 kusoma, prosesa itatekeleza upuuzi mtupu. ROM zenyewe zina haki za wenyewe. Fanyia kazi zile ulizo na haki ya kuzitumia.

Jambo la kuangalia ni muda wa kuandika. Z80 ya 1942 hupata intarapti 4, yaani ishara za kuikatiza ishughulikie sauti, katika kila fremu (picha moja ya skrini, tukihesabu 60 kwa sekunde), na katika kila moja inaweza kubadilisha rejista kadhaa. Ukiendesha prosesa kwa fremu nzima kisha ndipo utengeneze sampuli zote 735 kwa mkupuo, chipu itaona hali ya mwisho tu. Mabadiliko matatu kati ya manne yatapotea, na zile filimbi zinazopanda ngazi kwa ngazi zitakuwa mlio mmoja mnene. Kwa hiyo kila Z80 inapoandika kwenye chipu, soma kwanza idadi ya mapigo ambayo Z80 imekwisha kuyatumia, igawanye kwa 16, piga tiki zote ambazo chipu iko nyuma, na baada ya hapo ndipo ubadilishe rejista. Mwisho wa fremu fanya vivyo hivyo kufikia mapigo 50,000, uhakikishe tiki zimetimia 3,125, na ubebe salio lolote kwenda fremu inayofuata.